Mama, IST na usukani wa kidole kimoja

Msomaji wangu, hebu nikuulize swali la kizushi. Siku uliyonunua gari, au siku shemeji yako aliponunua mkoko wake na wewe ukamsindikiza, kuna mtu aliuliza stelingi yake inasaidiwa na nini? Usihangaike kujibu, najua. Mliuliza inakula mafuta kiasi gani, ni namba C au D, spea zinapatikana, AC inapuliza baridi au inapumua tu. Rangi mliibishania nusu saa nzima. Stelingi mliigeuza mara moja kushoto, mara moja kulia, mkasema "laini hii, bomba", basi.

Hata mimi sikuuliza. Na kwa kutokuuliza huko, Novemba ya mwaka 2023 nilijikuta kiti cha nyuma cha gari yangu mwenyewe, kuku miguuni na ndoo ya senene mapajani, tunateremka mlima wa Kamachumu kwenye mvua, mama yangu akiwa kwenye usukani na usukani umemgomea.

Lakini nisikimbilie huko. Hii habari ilianza zamani.

Baba yangu alikuwa dereva wa Land Rover 109, ruti ya Bukoba na Muleba. Wakubwa wanaikumbuka hiyo gari. Wakati huo hakuna lami, kiangazi ni vumbi na miezi mingine ni tope, na Bukoba mvua haina likizo. Ndani watu wamebanana kama dagaa, juu ya keria kuna magunia ya kahawa, mikungu ya ndizi na pengine kijana mmoja aliyekosa nauli kamili. Na mzigo wote huo baba anaukatisha kona kwa mikono yake mitupu. 109 haikuwa na msaada wowote kwenye stelingi. Hakuna oili, hakuna umeme, ni chuma kwa chuma mpaka kwenye tairi, na injini ya kugeuza ni bega la dereva.

Nilipokuwa mdogo nilidhani mabega ya baba yalizaliwa vile. Kumbe ni stelingi. Jioni mama alikuwa anamkanda kwa maji ya moto na chumvi, huku mzee analalamika kwamba maji hayajachemka.

Baba alikuwa na amri moja aliyotufundisha kabla hata hatujafikia pedeli. Dole gumba lisiingie ndani ya usukani. Libaki nje, juu ya duara, pamoja na wenzake. Sababu yake ni kwamba gari ya namna ile tairi ikigonga jiwe, usukani unajirudisha wenyewe kwa nguvu, na kama dole lako limejikunja ndani kwenye zile fito za katikati, linavunjika. Aliwaona wenzake waliovunjika. Mpaka leo akiona kijana anaendesha kwa vidole viwili huku kiwiko kiko dirishani, anatikisa kichwa kama ameona mtu anakula kwa mkono wa kushoto.

Mwaka 1994 mzee akanunua pikapu yake mwenyewe, Peugeot kuukuu. Mama, ambaye alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, akaomba ajifunze. Ombi lenyewe lilikubaliwa kwa mbinde. Siku moja kwenye uwanja wa chama cha ushirika, pikapu imejaa magunia, baba akamwambia haya, rudisha nyuma ukae pale. Mama akaingia. Gari imesimama, mzigo umejaa, yeye anavuta ule usukani mpaka anainuka kwenye kiti, wapi! Hautikisiki. Alipofanikiwa kuugeuza kidogo akashindwa kuurudisha, pikapu ikaingia kwenye migomba ya watu, taratibu kabisa, kama ng'ombe anayekwenda kunywa maji.

Wanaume waliokuwa wanasubiri kupima kahawa walicheka. Baba naye akacheka, na kwa sababu alikuwa mbele za watu akaongeza neno: "Mwalimu, gari siyo chaki."

Mama aliteremka, akafunga mlango, akaenda nyumbani kwa miguu. Hakushika usukani tena kwa miaka 28. Wala hakulizungumza. Sisi watoto tulijua tu kwamba mbele ya mama ile sentensi ya chaki haisemwi, hata kwa utani.

Sasa twende mbele. Baba alipata kiharusi mwaka 2019. Alipona, anatembea, anaongea na kulaumu kama kawaida, lakini mkono wa kushoto haujarudi sawasawa. Leseni akaiweka kabatini. Kila mwezi anatakiwa kliniki Bukoba mjini, na wao wanaishi kijijini Kamachumu, wilaya ya Muleba. Kwa wasiokujua kwetu, ukitoka Bukoba unapita Kyetema, Kemondo, ukifika Muhutwe unaiacha barabara kubwa iendayo Muleba mjini halafu unaanza kupanda. Kona juu ya kona, na ziwa linabaki kule chini. Usafiri wa pale ni zile gari ndogo za abiria ambazo vijana wanaziita michomoko. Kiti cha nyuma watu wanne, mbele wawili ukiacha dereva, na mzee mwenye mkono mmoja anabanwa katikati kama kitabu kwenye rafu. Akifika kliniki presha inapimwa inakuta imepanda, na nani asingepanda!

Mimi wakati huo nilikuwa na Carina iliyonunuliwa kwa jasho. Ile ilikuwa na pawa stelingi ya oili. Utaratibu wake ni kwamba kuna pampu inazungushwa na mkanda wa injini, pampu inasukuma oili, oili inakusaidia kugeuza tairi. Wamarekani ndio walioanza kuuza gari ndogo za namna hiyo, Chrysler Imperial ya mwaka 1951, enzi hizo babu yangu anatembea kwa mguu kutoka Kamachumu mpaka Bukoba. Ni kitu kizuri, ila kina mawili. Kwanza pampu inazunguka muda wote, uwe unakata kona au umenyooka, kwa hiyo inakula nguvu ya injini bure, yaani inakula mafuta. Pili inavuja. Carina yangu ilikuwa inaacha alama popote inapolala, na ukikata kona mpaka mwisho ule mkanda ulikuwa unalia kama nguruwe anayepelekwa sokoni. Nimewahi kuaibika mbele ya kanisa wakati bibi harusi anapita.

Wajapani ndio waliokuja na dawa. Mwaka 1988 Suzuki walitoa kigari kinachoitwa Cervo, ambacho badala ya pampu na oili kilikuwa na mota ya umeme. Unapogeuza usukani, kuna kifaa kinachopima mkono wako unavuta kwa nguvu gani, kisha mota inaongezea. Usipogeuza, mota imetulia, haili kitu. Na tazama walivyoanza. Hawakuanza na magari ya matajiri, walianza na kigari kidogo kabisa, kwa sababu injini ndogo ndiyo inayoumia zaidi ikibebeshwa pampu. Baadaye zikaja gari zinazotumia petroli na umeme kwa pamoja, kama Prius ya mwaka 1997, ambazo injini yake inajizima yenyewe njiani. Pale pampu ya mkanda haina kazi, maana injini ikizimika na yenyewe imelala. Ikabidi umeme.

Ndiyo namna stelingi ya umeme ilivyofika Bukoba. Hakuna aliyeiagiza. Sisi tuliagiza gari ndogo. Ushuru wa bidhaa kwa gari hapa Tanzania unaangalia ukubwa wa injini. Isiyozidi cc 1,000 haitozwi huo wa injini, hadi cc 2,000 ni asilimia 5, zaidi ya hapo asilimia 10. Passo ya cc 996 inapita pale juu inacheka. Ongeza bei ya petroli, ambayo mpaka ifike kwetu kutoka Dar imesafiri zaidi ya kilomita 1,400, utaelewa kwa nini Kashai na Hamugembe zimejaa Passo, IST, Vitz na vijigari vya ukoo huo. Mtu amenunua wepesi wa mafuta, akaletewa na wepesi wa mkono humohumo ndani, kama nyongeza ya dukani.

Majirani zetu wamefika hapohapo kwa njia nyingine. Kenya hawaruhusu kuingiza gari iliyozidi miaka 8. Uganda, hapo ng'ambo ya Mutukula, tangu mwaka 2018 mwisho ni miaka 15. Sheria hizo zinatazama umri wa gari na moshi wake, hazisemi neno kuhusu stelingi, lakini gari za Kijapani kadiri zinavyokuwa za karibuni ndivyo oili inavyopungua na umeme unavyoongezeka. Sisi gari kuukuu tunaruhusu ila tunaitoza ushuru wa uchakavu, kwa hiyo barabarani kwetu utakuta vizazi vyote vitatu vimepanga foleni moja: Land Rover ya mabega, Carina ya oili na IST ya umeme.

Ukienda stendi mambo yanabadilika. Hiace za Muleba na Biharamulo bado ni oili, na madereva wake wanaipenda hivyohivyo. Mmoja aliniambia oili ina adabu, inavuja kwanza ndipo inakuharibikia, lakini umeme unakata bila hodi. Nilimwona mshamba. Nisamehe kaka, popote ulipo.

Mwaka 2021 niliuza Carina nikachukua IST. Washikaji kijiweni walinisimanga mwezi mzima. Eti gari ya madada, eti nikiiegesha nisisahau mkoba. Unajua sisi watu wa Kagera tulivyo, nshomile hawezi kushuka kwenye kitu kidogo bila kukitolea maelezo, nami nikawa nawaeleza habari za mafuta mpaka wakachoka.

Mama ndiye aliyenishangaza. Mapema mwaka 2022 alikuja mjini, akaomba aisogeze tu pale uani. Nilimpa ufunguo kwa wasiwasi. Akakaa, akasogeza kiti mbele, akawasha, akashika usukani kwa mikono yote miwili kama mtu anayejiandaa kuinua gunia, akavuta kwa nguvu zake zote. Usukani ukazunguka mpaka mwisho mara moja, nusura aangukie mlangoni.

Akauachia. Akaujaribu tena kwa kidole kimoja. Ukaenda.

Alikaa kimya muda mrefu mpaka nikadhani anaumwa. Halafu akasema, siyo kwangu hasa, "Kumbe siku ile ulikuwa usukani."

Akasoma udereva akiwa na miaka 59, kwenye darasa moja na vijana aliowafundisha kusoma. Akapata leseni. Nikamwachia IST kwa ajili ya kliniki ya mzee, mimi nikarudi kwenye bodaboda. Mwaka mzima alimpeleka na kumrudisha. Mzee anakaa kiti cha pembeni, anatazama dirishani kama abiria asiyemjua dereva. Hakumsifia hata mara moja. Lakini nilipata habari kwamba kijijini anawaambia wenzake kliniki yake ni Jumatatu kwa sababu "dereva wangu" ana nafasi Jumatatu.

Sasa ile Jumapili ya Novemba. Nilikuwa nimekwenda kuwasalimia, jioni tukaondoka wote watatu kwenda Bukoba, kesho yake iwe kliniki. Asubuhi mama alikuwa ameniita. "Mwanangu, kuna taa nyekundu imewaka hapa, ina picha ya betri." Nikachungulia. Gari inawaka vizuri, inatembea. Nikamwambia, "Mama, hizi gari za kisasa taa zinawaka zenyewe, usijali."

Naomba uirudie hiyo sentensi, msomaji. Ni yangu.

Mvua ilitukuta tunaanza kuteremka. Mama akawasha taa kubwa, akawasha waipa, akawasha na feni ya kutoa ukungu kwenye kioo. Kila kimoja kinavuta umeme. Kona ya kwanza salama, ya pili salama. Ya tatu, katikati ya kona, ikawaka taa ya njano yenye herufi EPS na usukani ukawa jiwe.

Mama akapiga kelele, "Imejifunga! Stelingi imejifunga!" Mguu ukaenda kwenye breki. Nje ya kona ile kuna migomba, halafu baada ya migomba hakuna kitu. Mimi nyuma nimekumbatia senene, nimeishiwa lugha zote ninazozijua.

Ndipo mzee, aliyekuwa kimya mwaka mzima, akafungua mdomo. Hakupaza sauti.

"Usisimame. Ukisimama ndiyo imekushinda. Iache itembee taratibu. Haijajifunga, imekuwa nzito tu, kama ile yangu. Mikono miwili. Vuta kwenda chini, usisukume kwenda juu. Tena. Dole gumba nje, Mwalimu. Dole gumba nje."

Mama akavuta. Nilimwona kwa kioo meno yameuma mdomo. Gari ikakata kona kwa shida, ikakaa upande wake. Kona inayofuata vilevile, na nyingine. Mzee anahesabu kila moja kabla haijafika, "Hii ni ya kulia, anza mapema," maana mlima ule anaujua kwa mabega yake. Alinyoosha mkono wake mzima karibu na usukani, lakini hakuugusa. Tulifika Muhutwe mama amelowa jasho, na mvua iko nje.

Kesho yake tukaenda kliniki kwa gari ya kukodi, IST tukaivuta hadi gereji moja ambayo sitaitaja. Fundi akafungua boneti akaanza kutafuta tanki la oili ya stelingi. Akatafuta, akatafuta. Mwisho akasema Wajapani hawakuliweka, ni kasoro. Alipoelewa kwamba ni ya umeme, akabadilisha msimamo palepale, stelingi nzima imekufa, tuagize nyingine used Mwanza ije kwa meli, laki nne pamoja na ufundi. Nilikuwa naanza kuhesabu hela, haki ya Mungu.

Mama ndiye aliyekataa. Aliuliza swali la kiualimu: "Kama stelingi imekufa, ile taa ya betri ya asubuhi ilikuwa inatafuta nini?"

Tukamwita fundi umeme. Kijana mdogo, ana kipimo chake mkononi, akawasha injini, akapima kwenye betri. Inatakiwa isome volti 14 hivi wakati injini inaunguruma. Ikasoma 11 na kitu. Alteneta haichaji, kaboni zake zimeisha, gari ilikuwa inaishi kwa akiba ya betri tangu asubuhi, na umeme ulipopungua kupita kiasi mota ya stelingi ikajitoa. Stelingi yenyewe ni nzima kabisa. Kaboni na ufundi havikufika hata elfu hamsini. Akatueleza kitu ambacho wauza magari hawakutuambia, kwamba hata msaada wa umeme ukikatika, chuma cha usukani mpaka kwenye tairi bado kipo, unageuka, ila kwa nguvu zako.

"Kama 109," mzee akasema.

"109 ndiyo gari gani, mzee?" kijana akauliza. Baba alimtazama kwa huruma kubwa.

Nilidhani mama ataacha kuendesha. Jumamosi iliyofuata wakaniita viwanja vya Gymkhana, kule kando ya ziwa. Nikamkuta mzee amesimama kwenye nyasi, mkono wake mzima umeshika kitu kidogo. Ilikuwa fyuzi ya stelingi. Alikuwa amemwambia fundi umeme amwonyeshe ilipo, na ameichomoa mwenyewe.

Mama alikuwa ndani ya IST, anazunguka uwanja, polepole, mikono miwili, kushoto halafu kulia, anahema. Watoto waliokuwa wanacheza mpira wamesimama kumwangalia yule bibi anayepigana na gari ndogo namna ile. Alipopita mbele yetu nikamwona baba anainama kidogo kuchungulia dirishani.

"Mwalimu! Dole gumba!"

"Nimelitoa!" mama akajibu, akaendelea kuzunguka.